Wasomaji Wauliza: Kamusi ya Bure ya Kiserbia Mtandaoni na Kazi Zetu za Kila Siku

Safu hii hujibu maswali ya wasomaji kuhusu lugha na matumizi yake. Mara hii tumepokea barua nne kutoka Lamu na Malindi zinazogusa jambo moja, nalo ni namna ya kutumia kamusi ya bure ya Kiserbia na Kiingereza iliyoko mtandaoni ili kuelewana na wageni. Malindi imekizoea Kiitaliano kwa miaka mingi, lakini Kiserbia bado ni kigeni masikioni mwetu, na wengi wetu hulazimika kukifikia kwa kupitia Kiingereza. Barua tumezifupisha, majibu tumeyaacha marefu pale ambapo swali lilistahili.

SWALI: Assalaam alaykum, Mhariri. Nina nyumba ya wageni hapa Shela, Lamu. Siku hizi napata ujumbe kutoka Belgrade na Novi Sad, na kijana wangu amenionyesha kamusi ya bure mtandaoni. Taabu ni kwamba nusu ya maneno hayapatikani. Nimeandikiwa hivi: “Da li imate slobodnu sobu za dvoje od petog do desetog avgusta?” Nilitafuta “sobu”, “slobodnu” na “petog”, nisipate kitu. Tena, mgeni mwingine nilimjibu kwa neno nililolipata humo, nikikusudia kuwa chumba kipo wazi, naye akauliza kwa mshangao kama kweli halipi chochote. Nitumieje kamusi hii?
Mwenye nyumba, Shela

JIBU: Waalaykum salaam, dada yangu. Maneno uliyoyatafuta yamo katika kamusi hiyo, ila hayamo katika umbo ulilolinakili. Kamusi huorodhesha vidahizo, yaani neno likiwa katika umbo lake la msingi, ilhali mgeni wako ameyaandika maneno hayo yakiwa tayari na miisho ya sentensi. Mtu anayejifunza Kiswahili hataikuta “nitawapikia” katika kamusi ya kawaida mpaka ajue kuondoa viambishi vya mwanzo na vya mwisho hadi afike kwenye “pika”. Kazi yako ni hiyo hiyo, isipokuwa Kiswahili hubadilika sana mwanzoni mwa neno, na Kiserbia hubadilika sana mwishoni. Kwa hiyo jicho lako liangalie herufi za mwisho kwanza.

Nomino ya Kiserbia ina hali saba, na hali hizo huonekana katika mwisho wa neno. Chumba kikiwa ndicho kinachozungumzwa ni “soba”. Ukikitaka au ukikikodi ni “sobu”. Ukisema “cha chumba” ni “sobe”. Ukisema “chumbani” ni “u sobi”. Sisi nasi tuna “-ni” ya chumbani na nyumbani, hivyo fikra yenyewe si ngeni kwetu, ila wenzetu wameieneza mbali zaidi. Ukikutana na nomino isiyopatikana, ondoa irabu ya mwisho kisha ujaribu kuweka “a”, kwa sababu nomino nyingi za kike huishia hivyo. Isipopatikana, iache ikiishia kwa konsonanti, kama zilivyo nomino nyingi za kiume. Halafu ujaribu “o” au “e”, ambayo ni miisho ya nomino zisizo za kike wala za kiume. Kitenzi kitafute kikiishia kwa “-ti”: “imate” utaikuta chini ya “imati”, kuwa na kitu. Kivumishi kitafute katika umbo la kiume, na hapa uwe macho, kwa kuwa “slobodnu” iko chini ya “slobodan”, ambamo “a” imejitokeza kabla ya “n”. Mara nyingine konsonanti nayo hugeuka, kama “ruka”, yaani mkono, inavyokuwa “ruci”, lakini hilo utalizoea polepole.

Sasa turudi kwenye ujumbe wako. “Da li” ni alama ya swali tu, kama “je” yetu. “Imate” ni mnayo au mnacho. “Slobodnu sobu” ni chumba kilicho wazi. “Za dvoje” ni kwa watu wawili, na neno hilo hutumika hasa kwa mwanamume na mwanamke walio pamoja. “Petog” na “desetog” ni ya tano na ya kumi, kutoka “peti” na “deseti”. Mgeni anauliza: Je, mna chumba kilicho wazi kwa watu wawili kuanzia tarehe 5 hadi tarehe 10 Agosti?

Lililokusibu kwa yule mgeni mwingine ni kubwa zaidi, na ndilo ninalotaka wasomaji wote walizingatie. Unapotoka Kiswahili kwenda Kiserbia kwa kupitia Kiingereza, unavuka mara mbili, na kila ukivuka maana inaweza kupotea. Neno la Kiingereza “free” limebeba mambo mawili ambayo Kiswahili huyatenga, yaani kilicho wazi na kilicho cha bure. Kiserbia nacho huyatenga kama sisi: kilicho wazi ni “slobodan”, na cha bure ni “besplatan”. Ulipoandika neno la Kiingereza, kamusi ilikupa yote mawili, nawe ukachukua lisilofaa. Ukamwambia mgeni kuwa chumba hakilipiwi. Dawa yake ni kuigeuza kamusi. Kila unapopata neno la Kiserbia, usilitume kabla hujalitafuta upya kutoka Kiserbia kwenda Kiingereza na kusoma maana zake zote pamoja na mifano. Ungelitafuta “besplatan”, ungekuta maana ya kutolipiwa peke yake, nawe ungelitambua mara moja.

Kwa hiyo andika “Soba je slobodna”, chumba kiko wazi, na kama kiamshakinywa hakitozwi, “Doručak je besplatan”. Tazama jinsi kivumishi kinavyoifuata nomino: “slobodna” kwa “soba” ambayo ni ya kike, “besplatan” kwa “doručak” ambayo ni ya kiume. Mswahili aliyelelewa katika upatanisho wa ngeli, anayesema chumba kizuri na nyumba nzuri bila kufikiri, hana sababu ya kuuogopa upatanisho huu; jinsia za kisarufi za Kiserbia ni tatu tu, na ngeli zetu ni nyingi kuliko hizo. Ndiyo maana kamusi nzuri huonyesha jinsia ya kila nomino. Kamusi isiyoonyesha jinsia, isiyo na mfano wa sentensi hata mmoja, na inayotoa maneno kumi ya Kiserbia kwa neno moja la Kiingereza bila kueleza tofauti yake, iache hata kama ni ya bure.

Wageni wako watakuuliza pia “Da li soba ima klimu?” Kamusi itakuambia kwamba “klima” ni hali ya hewa, na ni kweli, lakini chumbani neno hilo ni kiyoyozi. Wataulizia “topla voda”, maji ya moto, na “mreža protiv komaraca”, chandarua. “Mreža” yenyewe ni wavu, na pia ni mtandao wa simu, kwa hiyo soma neno linaloifuata kabla ya kujibu. Wewe nawe utakapowaandikia, chunga neno la kumwita mtu. Kiingereza kina neno moja kwa mtoto na kwa mzee, na kamusi nyingi zitakupa “ti” kwanza, ambalo ni la rafiki, la ndugu au la mtoto. Mgeni usiyemfahamu aandikiwe “Vi” kwa herufi kubwa. Watu wa pwani tunaojua uzito wa shikamoo hatuhitaji kuelezwa kwa nini jambo dogo kama hilo humfanya mgeni ajisikie ameheshimiwa.

Nimalizie na malipo, maana hapo ndipo ugomvi huzuka. Neno “kapara” ni arubuni. Mgeni akiandika “Uplatila sam kaparu, ostatak ću platiti po dolasku”, amesema mambo mawili ya nyakati mbili: arubuni ameshalipa, na salio atalipa akifika. “Uplatila” inakujulisha pia kwamba aliyelipa ni mwanamke. Mwanamume angeandika “uplatio”. Vitenzi vya Kiserbia aghalabu huja jozi, kimoja cha tendo lililo kamili na kingine cha tendo linaloendelea au linalorudiwa, na kamusi itakuwekea “platiti” na “plaćati” pamoja, zote zikiwa na maana ya kulipa. Ya kwanza ni kulipa mara moja yakaisha; ya pili ni kuwa katika kulipa, au kulipa kila mara. Usione “plaćam” ukadhani fedha zimekwisha ingia. Anayeandika hivyo anasema analipa, hajasema amelipa. Angalia simu yako kwanza.

Kijana wako huenda akakuambia kwamba siku hizi kuna programu za kutafsiri sentensi nzima, basi kamusi ya nini? Mimi nazitumia zote mbili. Programu inafaa kukupa picha ya ujumbe kwa haraka. Kamusi inafaa kuhakiki lile neno moja ambalo likikosewa pesa au tarehe huharibika. Jambo moja tu nakusihi: usinakili nambari za pasipoti za wageni wala picha za vitambulisho vyao ukazitia katika tovuti za bure za kutafsiri. Kenya tunayo Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, na hata kama isingekuwapo, siri ya mgeni ni amana.

SWALI: Mhariri, mimi ni nahodha, nawapeleka watalii Manda na Pate. Wageni wangu wengine wa Serbia huandika kwa herufi kama za Kirusi, wengine huandika kwa herufi zetu lakini bila alama, na kamusi haiwatambui. Pia nataka uhakika wa saa, maana nilitajiwa “pola osam” na wageni wakanisubiri gatini saa nzima.
Nahodha, Lamu Mjini

JIBU: Nahodha, Kiserbia huandikwa kwa hati mbili, na Mserbia aliyesoma shule huzijua zote. Ya kwanza ni ya Kisirili, ambayo Katiba ya Serbia ya mwaka 2006 imeitaja kuwa hati rasmi. Ya pili ni ya Kilatini, ambayo utaikuta sana kwenye simu. Kila moja ina herufi 30, na kila herufi ina sauti yake moja. Jambo hili lilitokana na kazi ya mtaalamu wa lugha Vuk Karadžić, aliyechapisha kamusi yake huko Vienna mwaka 1818, ikiwa na maneno zaidi ya 26,000, na ambaye alishikilia kwamba neno liandikwe kama linavyotamkwa. Faida yetu ni kwamba kubadilisha hati moja kuwa nyingine ni kazi ya kubadilisha herufi kwa herufi tu, na kamusi nyingi huikubali hati yoyote. Zile za kukudanganya ni zile zinazofanana na zetu: В ni v, Н ni n, Р ni r, С ni s, У ni u, Х ni h. Neno НОВАЦ, basi, ni “novac”, yaani pesa. Katika hati ya Kilatini, “j” yao ni y yetu, “nj” ni ny ya nyama, “š” ni sh na “č” ni ch.

Alama hizo ndizo watu huziacha wanapoandika kwa haraka. “Zelimo rucak na brodu” ni “Želimo ručak na brodu”: tunataka chakula cha mchana chomboni. Kamusi ikikataa neno lenye c, s au z, lirudishie alama, ukijaribu č kisha ć, š, na ž. Na “dj” mara nyingi imesimama mahali pa “đ”. Kuna kwingine ambako kuacha alama huzaa neno jingine kabisa: “kuća” ni nyumba, lakini “kuca” ni anabisha hodi. Tia kibodi ya Kiserbia katika simu yako, haina gharama. Majina ya miji nayo huandikwa kwa matamshi yao na kupewa miisho, kwa hiyo usihangaike kutafuta “iz Najrobija” katika kamusi. Ni kutoka Nairobi.

Kuhusu saa, “pola osam” kwa neno moja moja ni nusu nane, na maana yake ni nusu ya kuelekea nane, yaani 7:30. Mwingereza akisema nusu na nane hukusudia 8:30, kwa hiyo aliyeifuata kamusi ya Kiingereza neno kwa neno lazima akosee kwa saa nzima. Kwa hesabu yetu hiyo ni saa moja na nusu. Kwa safari ya Pate inayopita mkondo wa Mkanda, ambako chombo hungoja maji yajae, saa moja si kitu kidogo. Maji yakianza kupwa, safari imeharibika. Ushauri wangu ni kwamba uwaombe wageni waandike saa kwa tarakimu, nawe uwajibu kwa tarakimu hizo hizo za kizungu, kisha ujifunze maneno mawili ya kuwaeleza sababu: “plima” ni maji kujaa, “oseka” ni maji kupwa. Siku nazo zina mtego wake, kwani “nedelja” ni Jumapili na pia ni wiki. “U nedelju” ni siku ya Jumapili. “Nedelju dana” ni wiki nzima. Kwa upande mwingine, “prekosutra” ni keshokutwa na “prekjuče” ni juzi, neno moja kwa neno moja, wakati Kiingereza hulazimika kuyaeleza kwa maneno kadhaa.

Utafurahi pia kukuta maneno unayoyajua. “Sanduk” ni sanduku, “dućan” ni duka, “sapun” ni sabuni, “kafa” ni kahawa, na “sat” ni saa. Yaliingia Serbia kwa njia ya Kituruki wakati wa utawala wa Waosmani, na kwetu yalifika kwa njia ya Waarabu. Lakini usijiachie: “baba” ya Kiserbia ni bibi kizee au nyanya, na atakayekuandikia kwamba anakuja na “baba” muandalie mkono wa kumshika bibi huyo anaposhuka ngazi za gati.

SWALI: Mimi nahudumu katika duka la dawa Malindi. Je, naweza kutegemea kamusi hii kumhudumia mgonjwa wa Kiserbia?
Mhudumu, Malindi

JIBU: Kwa kujua anazungumzia nini, ndiyo, kwa kuamua apewe nini na kiasi gani, hapana. Maneno ya ugonjwa yana maana za kawaida ambazo kamusi huzitanguliza. “Temperatura” ni joto, lakini “ima temperaturu” ni ana homa. “Recept” ni maelezo ya upishi, na pia ni cheti cha daktari cha dawa. “Pritisak” ni kani ya kusukuma, na pia ni presha. Akisema ana “šećer”, kamusi itakuambia sukari, na hapo kwa bahati njema wewe Mswahili utamwelewa kuliko kamusi, kwa sababu sisi pia tunasema mtu ana sukari. Neno la kutahadharishwa zaidi ni “rak”, ambalo ni kaa wa baharini na pia ni saratani. Mtu aliyevimba midomo baada ya chakula cha jioni akakuambia neno hilo pamoja na “alergija”, anakueleza alichokula. Mwingine akikuonyesha karatasi za “bolnica”, yaani hospitali, huenda neno lilo hilo lina uzito mwingine kabisa.

Njia iliyo salama ni kumwomba pakiti ya dawa anayoitumia. Majina ya kibiashara hutofautiana kati ya nchi na nchi, lakini jina la kimataifa la dawa, ambalo Shirika la Afya Duniani limekuwa likiyaratibu tangu mwaka 1953, huandikwa karibu sawa kila mahali; “paracetamol” na “ibuprofen” utazisoma Malindi na Belgrade vilevile. Mwonyeshe jina hilo, mwandikie kiasi kwa tarakimu, muulize kwa kidole kama ana mzio. Jambo likigusa ujauzito, mtoto mchanga, moyo au dawa za kudumu, funga kamusi umpeleke kwa daktari, na mpige simu jamaa yake anayejua Kiingereza vizuri.

SWALI: Mgeni mmoja hotelini kwetu aliomba “kruh”, na kamusi ya Kiserbia haikunipa kitu. Amekosea kuandika?
Mhudumu wa meza, Malindi

JIBU: Hakukosea. Huyo yaelekea ni Mkroatia, na ameomba mkate, ambao Mserbia huuita “hleb”. Wakroatia, Wabosnia na Waserbia wanaelewana wanapozungumza, lakini baadhi ya maneno ya kila siku hutofautiana: kahawa ni “kava” kwa Kikroatia na “kafa” kwa Kiserbia, maziwa ni “mlijeko” na “mleko”. Jaribu Wiktionary ya Kiingereza, kamusi ya bure mtandaoni, ambayo huziweka lugha hizi chini ya kichwa kimoja cha Serbo-Croatian na kuonyesha neno ni la upande gani. Tena aina nyingi za neno zenye miisho zina ukurasa wake unaokurudisha kwenye kidahizo, jambo litakalomsaidia pia yule dada wa Shela. Zaidi ya chakula, waambie wenzako wa mapokezi wajifunze majina ya miezi, kwa sababu Mserbia huandika “avgust”, “decembar” na “januar”, ambayo yeyote atayatambua, lakini Mkroatia anayetaka chumba Agosti ataandika “kolovoz”, Desemba ataandika “prosinac”, na Januari “siječanj”.